Magunzi ya Nambis na Saa ya Pande Mbili

Ninyi mnaoanza kazi ya kulinganisha saa mtanikuta nimeshastaafu, na baadhi yenu mtatafuta mvi kichwani kwangu msizione. Sheria ya kazi yetu humstaafisha mtu mapema, kwa hoja kwamba aliyekaa na saa moja muda mrefu huanza kuiamini. Niliipinga sheria hiyo kwa barua tatu. Sasa naona ina akili, ingawa bado nadhani aliyeitunga alikuwa na mpwa wake aliyetafuta kazi.

Nimeombwa niwaeleze niliyojifunza. Nilisoma fizikia chuo kikuu, na nilikwenda Nambis nikiwa na maswali mengi kuliko nguo. Mengine bado ninayo. Nitawapa yale tu yaliyopata majibu, tena bila mpangilio, kwa sababu ndivyo yalivyokuja.

Kwanza, kwa waliosinzia darasani. Dunia zipo nyingi, na sisi kazini tunaziita pande. Kila upande una Mbulu yake na Katesh yake, na mlima Hanang uko palepale. Pande hazionani wala hazisikiani. Lakini zipo chemchemi chache ambazo maji yake ni mamoja: yanatoka kwenye jicho moja, yanagawanyika chini ya mwamba, mengine yanakuja kwetu, mengine yanakwenda ng'ambo. Ya Nambis ni mojawapo. Wakulima wa huku wakifungulia mfereji wao, wa ng'ambo wanapungukiwa. Wakifungua wote wawili kwa pamoja, maji hayafiki mbali kwa yeyote. Kwa hiyo kuna zamu: leo sisi, kesho wao, na makabidhiano ni saa tisa alasiri. Zamu inahitaji saa, na saa ya pande mbili inahitaji mtu wa kuilinganisha. Ndiyo asili ya mshahara wenu.

Saa inayotawala zamu huitwa Saa ya Kati, maana haitakiwi kuwa ya upande wowote. Siku ya kwanza niliuliza kwa nini nyaraka zetu zinatuita Upande wa Kwanza. Mzee Shabani, aliyekuwa mkuu wa kituo, akasema, "Kwa sababu tulianza kuhesabu hapa."

"Na wao wanajiitaje?"

"Upande wa Pili."

"Wamekwambia?"

Akanitazama kama unavyomtazama ndama aliyeingia jikoni. "Mwanachuo," akasema, "chota maji ya chai."

Hilo likawa jina langu mpaka nilipoondoka. Mzee Shabani alizaliwa Katesh, katika familia ya wafanyabiashara. Baba yake aliuza betri, tochi na saa za mkononi, na yeye alikua akizifungua zile zilizorudishwa na wateja wenye hasira. Alikuwa mwalimu mzuri kwa sababu alizungumza mfululizo, na nusu ya aliyoyasema ilikuwa kweli. Kazi yangu ilikuwa kujua ni nusu ipi. Aliamini, kwa mfano, kwamba saa ikilowa inatulia ukiizika kwenye pumba. Nilijaribu. Panya waliula mkanda wake.

Sasa magunzi. Mtauliza kwa nini ujumbe wa pande mbili unabebwa na gunzi la mahindi wakati kuna simu. Simu haivuki mwamba. Karatasi hufika imekuwa uji. Chupa hukwama kwenye ufa na kuziba maji, na kuizibua ni kazi ya kutwa nzima huku wakulima wakikutazama na majembe yao begani. Gunzi linapita. Lakini lisiwe la mwaka huu, litazama. Lisiwe kavu mno, litacheza na upepo kabla halijashika maji. Liloweke kidogo, muda wa kufunga viatu, kisha litupe kwenye ufa ulio nyuma ya jicho la chemchemi, mahali ambapo maji huvutwa kwenda ng'ambo wakati wote, lango la mfereji likiwa wazi au limefungwa. Upande wa mapokezi weka ungo mdogo wa kunasa yanayokuja. Na mbuzi wawe mbali. Kule Gitting, kwenye kituo chetu cha mlimani, beberu wa jirani alikula magunzi ya ng'ambo kwa wiki nzima, na taarifa ya kituo ikaandikwa kwamba upande wa pili umenyamaza. Wakubwa walianza kujadili kama dunia ile imekwisha.

Alama zilikuwa rahisi. Mikato ya kisu kwenye gunzi hueleza ni saa ngapi limetupwa. Anayelipokea anatazama saa yake, anaondoa muda wa kupita mwambani, ambao ni kama muda wa kusonga ugali, na kinachobaki ndiyo tofauti. Na kama gunzi la mwenzako lilichelewa, unaunguza kidogo ncha ya gunzi la jibu kabla ya kulituma. Ncha iliyoungua maana yake: mlichelewa. Hakuna alama ya matusi. Niliuliza.

Ninyi vijana mtapenda kujua kama mtu anaweza kumkuta mwenyewe ng'ambo. Anaweza, ila hakuna kinachomsisimua mtu kuhusu hilo baada ya wiki ya kwanza. Mwishoni kabisa mwa mfereji wa Nambis lilikuwa shamba la vitunguu saumu la Mama Tluway, mjane, mama mrefu aliyefanya kila kitu kwa mkono wa kushoto. Siku moja gunzi la ng'ambo lilifika limenasana na kipande cha msuko wa vitunguu. Mama Tluway alikuwa amesimama pale langoni akingoja zamu. Akauchukua, akaugeuza, akasema bila kushangaa, "Huyu ni mimi. Umesukwa kwa mkono wa kushoto, na hapa Nambis nzima wa kushoto ni mmoja."

Mzee Shabani akafurahi. "Basi mama, una dada."

"Dada gani. Huyo atanimalizia maji. Mimi namjua yule. Akisema anafunga saa tisa, hafungi saa tisa."

"Umejuaje?"

"Kwa sababu na mimi sifungi."

Tulicheka wote. Mimi pia, niliyelipwa kusikiliza, nilicheka na kuendelea na kazi. Lishikeni hilo.

Tatizo lilianza kiangazi. Kila tulipopokea gunzi, lilionyesha ng'ambo wamechelewa, na kadiri jua lilivyozidi ndivyo walivyozidi kuchelewa. Sisi tukaunguza ncha za magunzi yetu, tukatuma. Hawakujirekebisha. Mzee Shabani alikuwa na maelezo yake: dunia ile inachoka, kama saa ya bei rahisi. Wakubwa walikuwa na yao, yenye michoro mizuri: kiangazi pande huachana kidogo, masika hurudiana. Niliuliza ni nguvu gani inayoziachanisha. Nikajibiwa kwamba utafiti unaendelea. Jibu hilo, vijana wangu, mkipewa mara mbili, jueni utafiti haujaanza.

Wakubwa wakaamua kwamba walau upande wetu uwe sahihi kabisa. Wakamleta Mhandisi Neema, mwenyeji wa Iringa, mwanamke makini asiyelalamikia baridi yetu, akaweka lango jipya la chuma lenye saa yake na kioo cha umeme wa jua. Ikifika saa tisa kamili linajifunga lenyewe, na mimi papo hapo natupa gunzi. Lilikuwa kitu kizuri. Lilitoa mlio mdogo tu, kama mtu anayefunga kopo. Nililipenda. Niliwaandikia wenzangu wa chuo kuwaeleza jinsi lilivyo la haki, haliangalii sura ya mtu.

Zamu chache baadaye Mama Tluway alikuja kituoni. Ilikuwa asubuhi yenye ukungu ule wa Nambis unaoficha ng'ombe ukasikia kengele tu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Baba yako hajambo?"

"Hajambo."

"Mama?"

"Hajambo, anaendelea na mgongo wake."

"Ng'ombe?"

"Wapo."

"Vizuri. Vitunguu vyangu vinakufa."

Alilisema kwa sauti ileile ya kuulizia ng'ombe. Akatoa kitunguu kwenye kitenge alichojifunga, akakiweka mezani. Kilikuwa chembamba kama jino la mtoto. Kitunguu saumu kina majuma yake ya kuvimba. Kikikosa maji majuma hayo, hata ukikimwagilia baadaye mpaka kiogelee, kinabaki hivyo. Shamba lake lilikuwa katikati ya majuma hayo. Matuta ya juu yalikuwa salama. Ya chini, zaidi ya nusu ya shamba, hayakuwa yamelowa tangu lango jipya liwekwe, na mbegu ya mwaka unaofuata ilikuwa kwenye matuta hayohayo. Mwenye kukosa mbegu ya kwake hapa kwetu hulima shamba la mwingine.

"Mama, lango linafunga saa ileile ya zamani," nikamwambia. "Saa tisa."

"Zamani lilikuwa linatangazwa saa tisa. Lilikuwa halifungwi."

"Ni kitu kimoja."

"Wewe umesoma wapi?" akauliza, na nadhani alitaka kujua kweli.

Mzee Shabani alikuwa anachochea jiko la kuotea moto. Alikuwa na kikapu cha magunzi yaliyopokelewa miezi ya nyuma, yaliyokwisha kazi, akayatupa motoni moja moja. Mama Tluway alisogea kuota, akainama, akaokota moja kikapuni.

"Haya yaliyoungua ni ya nani?"

"Ya kwako," akasema Mzee Shabani. "Ya yule wa ng'ambo. Wanachanganya na ya jikoni. Nimeyaona miaka yote, kila kiangazi yanakuja nusu yameungua."

Ni lazima niwaeleze hapa kwamba kwetu gunzi ni kuni. Kila nyumba ya Nambis ina gunia la magunzi karibu na mafiga. Siku ya kwanza nilipouliza kuhusu ncha nyeusi, Mzee Shabani alinijibu hivyohivyo, ya jikoni hayo, na mimi ninayehoji kila kitu sikulihoji hilo, kwa sababu hata mama yangu anapikia magunzi. Mtu wa mjini angeuliza tena. Sisi tulilijua gunzi mno.

Mama Tluway aligeuza lile gunzi. "Shabani, mimi nikitoa gunzi mafigani halijaisha, ninalizima, ninalirudisha kwenye gunia. Unafikiri nitalitupa kwenye maji, kiangazi, kuni zilivyo shida?"

"Pengine yule ni mvivu."

"Yule ni mimi."

Nikakimwaga kikapu chote sakafuni. Yaliyoungua yote yalikuwa yameungua mahali pamoja, kwenye ncha nene. Sisi tulizoea kuunguza ncha nyembamba. Hiyo ndiyo tofauti pekee. Ilikuwa alama yetu wenyewe, imeandikwa kwa mwandiko wa watu wengine: mlichelewa, mlichelewa, mlichelewa.

"Mzee," nikasema, "sisi tunawaambia wamechelewa. Na wao wanatuambia tumechelewa."

"Basi?"

"Saa mbili haziwezi kuchelewana. Kama yako iko nyuma ya yangu, yangu iko mbele ya yako."

Mzee Shabani akakaa. Ni mtoto wa duka la saa, hakuhitaji michoro. Akauliza swali lililonipita: "Na tangu lango jipya?"

Tukatafuta. Magunzi yaliyofika baada ya lango jipya yote yalikuwa safi.

Ngoja niwaelezeni jinsi makabidhiano ya zamani yalivyokuwa, maana hamkuyaona. Saa tisa Mzee Shabani alitazama saa yake, akasema kwa sauti, "Saa tisa." Mimi nikaandika: lango limefungwa saa tisa. Lakini mkono wake ulikuwa bado haujagusa gurudumu la lango, kwa sababu pale walisimama wakulima, na huwezi kumfungia mtu maji bila kumjulia hali. Shikamoo, marahaba, umeshindaje, nyumbani wameshindaje, shamba limeshindaje. Aliye karibu alijibu kisha akageuka akamwuliza wa chini yake, na yule akamwuliza wa chini zaidi, mpaka swali lilipofika kwa Mama Tluway, na jibu likapanda hivyohivyo: tumeshinda salama. Hapo ndipo lango lilifungwa. Na gunzi lililokuwa tayari na mikato ya saa tisa ndipo lilipotupwa, kwa mkono uleule. Kiangazi watu wana shida nyingi, salamu zilirefuka. Masika zilifupika. Hizo ndizo pande zilizoachana na kurudiana.

Na ng'ambo walikuwa watu walewale, wenye adabu ileile. Walichelewa kutukabidhi, tukachelewa kuwakabidhi, na zamu zikabaki sawasawa. Hakuna aliyepunjwa. Mpaka tulipoweka lango la haki. Tangu hapo tulipokea maji kwa kuchelewa na kuyatoa kwa wakati, na kilichokatwa hapo katikati kilikatwa mwisho wa mfereji.

Mhandisi Neema alikuwa amefikia Mbulu mjini. Alifika mchana, siku hiyohiyo ya zamu yetu. Nilimweleza haraka, yeye akasikiliza polepole.

"Kwa hiyo saa za pande hizi hazitofautiani," akasema.

"Hazijawahi."

"Basi wao wajifunze kufunga kwa wakati. Tutawatumia alama."

"Alama tumewatumia kiangazi chote, mhandisi. Wao pia wametutumia."

"Wafupishe salamu."

Mama Tluway alikuwa ameketi kwenye jiwe. "Mwanangu," akasema, "wewe ulipoliweka hili dude, ulimwuliza nani kama maji yananifikia?"

"Kipimo kinaonyesha maji yanayopita langoni."

"Mimi siko langoni."

"Mama, siwezi kukaa na kuuliza mtu mmoja mmoja kila zamu."

"Sisi ndivyo tulivyokuwa tunafanya. Wewe ukasikia ni salamu."

Mhandisi akanigeukia mimi. "Wakubwa wametaka saa tisa iwe saa tisa kila upande. Nikilizima lango hili nitawaambia nini?"

Hapo ndipo nilipotumia elimu yangu, na kwa kweli nadhani ni siku pekee niliyoitumia ipasavyo. Nikamwambia tulikosea kuufanya mkono mmoja ufanye kazi mbili. Gunzi ni la saa. Lango ni la watu. Mimi nitupe gunzi saa tisa kamili, nisimwamkie mtu, nionekane sina adabu. Mzee Shabani afunge lango maji yakishafika mwisho. Saa zitakuwa sawa kwenye taarifa, na ni kweli ziko sawa. Maji yatakwenda kama yalivyokwenda tangu zamani.

"Na ng'ambo wakiona gunzi limefika lakini maji hayajafika?" akauliza mhandisi.

"Watajua tunasalimiana," akasema Mzee Shabani.

Neema alitazama saa yake. Zilikuwa zimebaki dakika chache. Lile lango lilikuwa kazi ya mikono yake, na alijua kwamba anayeliweka leo na kulizima kesho huulizwa maswali. Akatoa ufunguo, akafungua kisanduku cha saa, akachomoa waya mmoja.

Saa tisa nikatupa gunzi. Wakulima walinitazama nikipita bila salamu, na mzee mmoja akasema, "Chuo kimemharibu huyu." Mzee Shabani akatangaza saa tisa, kisha akaanza. Umeshindaje. Shamba limeshindaje. Swali likashuka mferejini, mtu kwa mtu, likatuacha pale tumesimama na Mhandisi Neema ameshika gurudumu la lango kwa mikono miwili. Jibu halikupanda. Tulingoja. Kawaida jibu hupanda.

Kisha sauti ikarudi kutoka chini: bado.

"Bado," akasema Mzee Shabani kwa upole, kana kwamba gurudumu lilikuwa linamsikia.

Mhandisi akaliachia. "Nataka kuona," akasema, akaanza kushuka ukingoni na viatu vyake vya mjini, nami nikamfuata. Tulipita kwenye mahindi ya watu, kwenye maharage, tukawapita waliokuwa wanaulizana, mpaka tukafika kwa Mama Tluway. Alikuwa ametangulia. Alikuwa amesimama na jembe mkono wa kushoto, mguu mmoja kwenye tuta la mwisho, akiangalia upande wa juu wa mfereji, mahali ambapo udongo mkavu ulikuwa unabadilika rangi.

Maji yalikuja taratibu, yakisukuma majani makavu mbele yake. Yakaingia tuta la kwanza la chini, yakasimama, yakajaa. Yakaingia la pili. Mama Tluway alikata udongo kwa jembe, akayaelekeza la tatu, hakusema kitu. Mhandisi Neema alisogea karibu zaidi ili aone yanavyonyonywa, nami nikasogea pia, tukawa tumeinama wote wawili kama watu wanaotafuta sindano.

"Yamefika, mama," nikasema.

"Nimeyaona," akasema. "Sasa ondokeni hapo, mnanikanyagia vitunguu."